MiG Tatu za Musoma

Kwa miezi kadhaa nilikuwa nikiwatoza vijana wa Kalerwe, hapa Kampala, shilingi 500 kila mmoja ili wawadungue marubani wa Tanzania. Mimi ni Mtanzania. Sikujua ninachokifanya, lakini uwezo wa kujua nilikuwa nao. Kitabu kilikuwa kabatini kwangu.

Chumba changu cha gemu kiko nyuma ya soko, si mbali na Barabara ya Gayaza, mahali ambapo mvua ikinyesha kwa nguvu na mfereji wa Nsooba ukafurika, kazi ya kwanza ni kupandisha mashine za kompyuta juu ya meza, ya pili ndiyo kutafuta viatu. Wateja wangu wengi huja kwa ajili ya mpira. Mpira ndio unaolipa kodi ya pango. Ila kompyuta moja ya pembeni niliifunga joistiki na kuweka ndani yake IL-2 Sturmovik, lile toleo la 1946, kwa sababu naipenda mwenyewe.

Ni gemu ya ndege za Vita vya Pili vya Dunia, iliyotengenezwa na Warusi wa Maddox Games. Ya kwanza ilitoka 2001, na toleo hilo la 1946 likatoka 2006. Umri wake ndio unaoifaa Kalerwe, maana hata mashine ya mtumba inaimudu. Lakini usidhani ni mchezo wa watoto. Ukiinua pua ya ndege kupita kiasi, mbawa zinakosa upepo wa kukubeba na unaanguka. Ukiikimbiza injini bila kuangalia joto, inakufia angani. Risasi nayo inachukua muda kufika, kwa hiyo humlengi adui alipo, unalenga atakapokuwa. Kijana aliyezoea gemu za kubonyeza na kuua hukaa pale akaanguka mara nyingi kabla hajajifunza hata kutua, na wengi hukata tamaa wakarudi kwenye mpira.

Ili wasikate tamaa nikawatafutia vita wanavyovijua. Stalingrad haiwahusu. Idi Amin anawahusu.

Ndani ya gemu kuna sehemu ya kujitengenezea misheni: unachagua ramani, unapanga ndege, njia zake, kimo chake na mwendo wake, kisha kila ndege unaipa upande, Nyekundu au Bluu. Nikatengeneza ya Vita vya Kagera, vile vya Amin na Tanzania. Ziwa Victoria halimo kwenye gemu, nikaazima ramani ya Krimea na kuifanya Sevastopol kuwa Musoma, mji wa Tanzania ulio kando ya ziwa hilo. Wenyeji wa Musoma wanisamehe. MiG-17 za Amin nazo hazimo, nikaweka MiG-9, na nilikuwa tayari kumweleza kila aliyeuliza (na wengi ambao hawakuuliza) kwamba ndege hizo mbili zinabeba silaha zinazolingana: mzinga mmoja wa milimita 37 na miwili ya milimita 23. Nilijiona mtaalamu. Nikaiita misheni hiyo “Musoma 1978: Dungua MiG za Amin”.

Nilikulia Musoma. Tangu utotoni nilisikia watu wazima wakisema kwamba mwanzoni mwa Novemba 1978 ndege tatu zilidunguliwa kule kwetu, na marubani watatu wakafa. Hilo ni kweli. Mengine nilijazia mwenyewe. Mwezi uliotangulia ndege za Amin zilikuwa zimeipiga Bukoba. Mwishoni mwa mwezi huohuo askari wake wakavuka mpaka na kuliteka eneo lote hadi Mto Kagera, na tarehe 1 Novemba serikali yake ikatangaza kwamba eneo hilo sasa ni la Uganda. Halafu ndege tatu zinakuja kutoka upande wa mpaka, mizinga ya jeshi letu, JWTZ, inazipiga, zinaanguka. Zilikuwa za nani? Mtoto anajua jibu. Nami nililijibu swali hilo kitoto, nikakaa na jibu hilo hadi ndevu zikaota, bila kumuuliza mtu yeyote.

Jumamosi tukawa na mashindano. Mshindi alipata saa ya bure ya kucheza na rolex ya moto, chapati iliyoviringishwa na mayai, kutoka kwa jirani. Na kwa kuwa mimi ni mtu wa uhalisia, nilizima zile alama zinazoelea juu ya ndege kukuonyesha nani mwenzako na nani adui. Niliwaambia vijana kwamba vitani hakuna alama, rubani anatambua ndege kwa umbo lake. Hotuba hiyo niliipenda sana.

Kisha mjomba wangu akaja kututembelea kutoka Musoma. Alikaa nyuma ya vijana kwenye kiti cha plastiki, akiangalia kwa muda mrefu bila kusema neno. Kijana mmoja alipoiangusha ya tatu na chumba kikapiga kelele, mjomba akauliza:

“Hizo zilizoanguka ni za nani?”

“Za Amin, mjomba. Zile za Musoma, sabini na nane.”

“Za Musoma zilikuwa zetu.”

Nilibisha. Mimi, niliyezaliwa vita vimekwisha, nilimbishia mtu aliyekuwapo. Nilimweleza habari za njia ya ndege, kimo, na zile milimita 37, kana kwamba milimita zinajua uraia. Akanisikiliza mpaka mwisho, akasema, “Siku ile tulikuwa barabarani. Tulishangilia, sisi wote. Habari kamili ilitufikia baadaye.” Akatoka kwenda kutafuta chai.

Usiku nikafungua kabati. Kitabu ni “War in Uganda” cha Tony Avirgan na Martha Honey, waandishi waliovifuatilia vita vile kwa karibu; kilitoka 1982. Nilikinunua cha mtumba, na niliwahi kukisoma kwa namna ninayosoma vitabu vingi: nikaruka hadi kutekwa kwa Kampala, Aprili 11, 1979, kwa kuwa naishi hapa, nikaridhika. Sikuwahi kurudi nyuma hadi Novemba. Safari hii nikarudi. MiG tatu za Tanzania zilikuwa zikirejea Musoma kutoka upande wa mpaka. Wapiga mizinga wa Tanzania wakadhani ni za adui, wakazidungua zote tatu.

Hata hapo bado nilikuwa nikijitetea. Nilijiambia ni kosa dogo, nitalirekebisha. Nikawasha kompyuta, nikafungua misheni, nikabofya ndege ya kwanza. Kisanduku cha upande kilisoma Bluu. Nikaigeuza iwe Nyekundu. Nikafanya vivyo kwa ya pili na ya tatu, kisha nikatafuta kingine cha kurekebisha. Hakikuwapo. Njia ilikuwa sawa, walikotoka sawa, walikokuwa wakienda sawa, idadi sawa. Nilikuwa nimevipatia vyote isipokuwa wale watu walikuwa akina nani. Hapo ndipo joto la aibu liliponipanda shingoni, chumba kitupu, hakuna hata wa kunicheka.

Kosa la wale wapiga mizinga naweza kulieleza. Uganda ilikuwa na MiG kutoka Urusi. Tanzania ilikuwa na ndege za kutoka China, nyingi kati yake zimeundwa kwa kunakili MiG hizohizo. Ukiwa chini, umbo ni moja. Bukoba imeshapigwa, watu wanakimbia, kila mngurumo angani unatafsiriwa kuwa Amin, na ndege ya jeti haikusubiri uisome ubavuni. Walikuwa na sekunde chache za kuamua. Mimi nilikuwa na miaka, kitabu, na mjomba ninayeongea naye kwa simu kila sikukuu.

Jumamosi iliyofuata niliwaeleza vijana. Nilitarajia maswali kuhusu vita. Swali la kwanza lilikuwa kama waliokwishashinda watanyang'anywa saa zao za bure. Nikasema hapana. Wengine walicheka, tena kwa haki, wakaniuliza ni Mtanzania wa aina gani anayelipisha watu wapige ndege za kwao. Waliotaka kurudishiwa shilingi 500 niliwarudishia. Hawakuwa wengi, na hasara ya fedha haikunitikisa. Ila ile joistiki sasa inakaa tu. Wawili watatu walijaribu misheni niliyoirekebisha, na gemu ikawakata pointi kwa kupiga wenzao, kama ilivyotengenezwa kufanya. Misheni isiyo na ushindi haina mteja. Pembeni pale nimerudisha mpira.

Mjomba hakulitaja tena jambo hilo hadi anaondoka, wala mimi sikupata namna ya kulianzisha. Nilimsindikiza hadi kwenye basi nikamwomba radhi kwa kubishana naye. Akaniambia nimsalimie mama.

Limebaki moja ambalo sijaweza kulinyoosha. Mmoja wa vijana wangu, mwanafunzi wa sekondari, alinakili maelezo niliyoyaandika mwanzoni mwa misheni, yale ya kishujaa, akayatia kwenye kazi yake ya historia kuhusu vita vya 1978. Nilipojua, nilimpa kile kitabu, nikamwonyesha ukurasa, nikamwomba aupeleke kwa mwalimu wake. Aliusoma wote pale pale, amesimama. Kisha akanirudishia kitabu, akasema kazi ilishasahihishwa, muhula umefungwa, na sehemu ile ndiyo aliyopewa alama zote.