Tisho Nalo ni Kosa

Watu wengi hudhani kwamba kazi ya polisi huanza baada ya damu kumwagika: kuja na gari, kumchukua marehemu, na kumtafuta muuaji. Kazi hiyo ni ya lazima, walakini si ya kwanza. Ya kwanza ni kumlinda aliye hai, hasa yule aliyekwisha kuambiwa kwamba atauawa.

Sisi wa Ufipa tuna sababu ya kulifikiri sana jambo hili. Wazee husema maana ya jina Sumbawanga ni "tupa uchawi", na hofu ya uchawi ni ya zamani katika nchi yetu. Katika miaka ya 1930, na tena katika miaka ya 1960, watu wa kamchape walipita vijijini wakiwatafuta wachawi. Hata sasa ajuza akifiwa na wajukuu, au mzee akigombea shamba na jamaa zake, huweza kuitwa mchawi na kupangiwa siku ya kuhama. Tena mwaka wa 2015, katika mkoa wetu wa Rukwa, mtoto mdogo mwenye ualbino alikatwa mkono, na nchi nzima ikasikia.

Mara nyingi maovu ya namna hii hutanguliwa na maneno. Kwanza ni mnong'ono kisimani, kisha matusi kilabuni, kisha karatasi isiyo na jina mlangoni. Mwenye kutishwa huwa na siku chache za kutafuta msaada. Siku hizo ndizo za polisi.

Miaka kadhaa iliyopita, nilipokuwa nikifundisha katika kijiji kimoja cha nyanda hizi, vijana walimwambia mjane mmoja ahame kabla ya mavuno ya mahindi, ama nyumba yake itateketezwa naye akiwa ndani. Akaenda kwa miguu mpaka kituoni. Askari aliyemkuta mezani akamwambia, "Nenda nyumbani, bibi. Wakikupiga, urudi." Akarudi, akalala jikoni kwa jirani usiku tisa. Siku ya kumi mtendaji alimsindikiza kwa askari mwingine. Huyu aliandika kila neno kitabuni pamoja na majina, akaja kijijini mchana, akawaita wale vijana mbele ya wazee, akasema, "Maneno yenu nimeyaandika. Bibi huyu akidhurika, nitaanza kwenu." Hakumpiga mtu. Mjane akavuna mahindi yake, na mwaka uliofuata akavuna tena.

Askari wa kwanza alisema kana kwamba sheria imemfunga mikono, kumbe haikumfunga. Kanuni ya Adhabu, kifungu cha 89, yahesabu kuwa ni kosa kumtishia mtu kwamba utamdhuru au utamwua, hata kama hujamgusa. Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai ya 1985 yampa hakimu uwezo wa kumtaka mtu anayeelekea kuvunja amani aweke dhamana ya kuitunza. Na Katiba ya 1977, ibara ya 14, yasema kwamba kila mtu ana haki ya kuishi, na ya kupata kutoka katika jamii hifadhi ya maisha yake. Basi "wakikupiga, urudi" si neno la sheria.

Najua wengine watajibu kwamba askari ni wachache, na si kila tisho ni la kweli. Ni kweli pia kwamba sisi tukaao Majengo, mjini, twafika polisi kwa miguu, lakini mtu wa bonde la Rukwa aweza kusafiri siku nzima, na mvua huharibu njia. Walakini kuandika jina kitabuni hakuhitaji gari. Askari akienda bure, amepoteza mchana mmoja. Asipokwenda, pengine kijiji kitapoteza mtu.

Tena ibara ile yataja jamii, wala si polisi peke yao. Askari hawezi kuzuia asilolijua, na kesi huanguka mashahidi wakijificha. Kwa hiyo usikiapo mtu akitajwa kwa ubaya kilabuni, usingoje kesho. Mwambie mwenyekiti, msindikize mwenye kutishwa mpaka kituoni, kaa naye hata maneno yake yaandikwe, na siku ya kesi ufike. Wazee walisema, usipoziba ufa utajenga ukuta. Nao ukuta ukianguka hujengwa tena, lakini mtu akifa harudi.