Bwana Arusi Aliyekuwa Simba



Hadithi ya msichana aliyekataa wachumba wote mnaijua, maana makabila mengi ya Afrika wanayo. Huyu ana kovu, yule ni maskini, yule miguu yake mibaya. Halafu anafika mgeni mzuri kabisa, asiyejulikana baba yake wala kijiji chake. Msichana anampenda papo hapo, anamfuata. Kumbe, ni simba aliyejigeuza mtu! Pengine husemwa ni fisi, au chatu.

Nyanya yangu alisimulia kwamba aliyemwokoa ni mdogo wake, mtoto mwenye upele. Dada alimfukuza njiani kwa kumwonea haya, lakini mtoto alimfuata kwa siri. Usiku akaona meno ya yule bwana, akamwamsha dada yake, wakakimbia.

Mimi pia nilikuwa mdogo wa namna hiyo. Dada yangu aliolewa mbali, na mtu mwenye sura nzuri na maneno matamu. Nilipokuwa na miaka kumi nilitumwa kumsalimu. Usiku nilisikia kishindo nyuma ya ukuta. Asubuhi nikaona jicho lake limevimba. Akaniambia, "Ndugu yangu, usiseme nyumbani." Niliporudi mama akauliza, "Dada yako hajambo?" Nikajibu, "Hajambo." Nikanyamaza miaka miwili.

Baadaye, nilipokuwa mwalimu, nilisoma hadithi ya Wafaransa iitwayo La Belle et la Bête. Bibi de Villeneuve aliitoa mwaka 1740. Mwaka 1756 Bibi Leprince de Beaumont, aliyekuwa akifundisha wasichana huko Uingereza, akaifupisha. Humo mambo yamepinduka: mnyama wa kutisha ndiye mwana wa mfalme aliyerogwa.

Kwanza nilidhani hadithi hizi zinabishana. Moja yasema usiogope sura mbaya, nyingine yasema usiamini sura nzuri. Lakini tazameni vema. Yule mnyama alimwuliza msichana kila jioni kama atakubali kuolewa naye. Msichana alijibu hapana, wala mnyama hakumshurutisha. Tena baba wa msichana alipougua, mnyama alimpa ruhusa aende kumwona. Simba wetu hufunga njia ya kurudi.

Basi alama haiko usoni. Alama ni hii: je, mke aweza kusema hapana? Je, aweza kwenda kwao?

Dada yangu alirudi mwenyewe, kwa miguu, na mtoto mgongoni. Wazee walianza kunong'ona habari ya mahari, lakini baba alimpokea, akamwambia aketi ale. Usiku ule niliungama kwa baba kwamba nilijua tangu zamani. Hakunipiga. Alisema tu, "Mtoto wa hadithi alikuwa na upele, lakini alikuwa na kinywa."

Ninyi wazazi, mkisimulia hadithi hii jioni penye moto, msiwaonye wasichana peke yao. Waambieni na wadogo wao: ukiona meno usiku, usinyamaze.