Baba alinisahihisha neno "kupenda"

Kwenye kipindi kilichopita tuliulizana: kitabu gani kiliwahi kukufanya uongee na mzazi wako, kuongea kweli, si salamu tu? Nilijibu kwa utani mkacheka. Nilipofika nyumbani nikaona nimewadanganya. Jibu langu la kweli ni refu kidogo, ndiyo maana nimeliandika.

Kitabu chenyewe nilikipata kwa muuza vitabu wa kando ya barabara, wale wanaotandika turubai chini hapa mjini Johannesburg. Randi 30. Ni tamthilia, inaitwa Fences, ya August Wilson, Mmarekani mweusi aliyezaliwa Pittsburgh mwaka 1945. Wakati ule sikumjua hata kidogo. Nilikinunua kwa sababu ya jina lake. Baba yangu ni fundi wa kuchomelea, karakana yake iko hapa Doornfontein, kwenye kichochoro karibu na Beit Street, na kazi yake ni mageti, grili za madirisha na fensi. Mji huu unalala nyuma ya fensi, na fensi ndizo zilizonilisha mimi na wadogo zangu.

Hadithi yenyewe iko hivi. Ni mwaka 1957, Pittsburgh. Mzee Troy Maxson anazoa taka. Ujanani alikuwa hodari wa besiboli, lakini enzi hizo ligi kubwa haikuchukua weusi, na ilipoanza kuwachukua yeye umri ulishampita. Sasa mwanawe Cory anaitwa na chuo aende kucheza mpira. Troy anakataa. Anataka mtoto awe na kazi ya mikono, kitu ambacho hakuna mzungu atakayemnyang'anya. Na muda wote huo anajenga fensi uani, ubao kwa ubao, haiishi.

Nilisoma kurasa zile ndani ya taksi nikapitiliza kituo changu.

Kwa nini? Kwa sababu nilipomaliza matriki nilipata nafasi ya kusoma uigizaji. Baba alikataa. Hakupiga kelele, alisema tu, "Mwanangu, sanaa ni ya mtu mwenye kwao." Mwaka huohuo nikaingia uhandisi, kwenye kampasi iliyo dakika kumi kwa miguu kutoka karakana yake. Nafaulu vizuri tu. Ila kwa miaka mitatu mimi na yeye tulibaki watu wa "shikamoo", "marahaba" na "umekula?"

Kabla sijaendelea, kuna kitu lazima niwaambie kwa sababu kilinifurahisha sana. Fences ilipofika Broadway mwaka 1987, Troy aliigizwa na James Earl Jones. Sauti yake mnaijua: ni Mufasa wa The Lion King ya 1994! Yaani yule baba tuliyemlilia sote utotoni aliwahi kuwa baba huyu mgumu. Halafu Sarafina! ya Mbongeni Ngema, iliyoanzia Market Theatre hapahapa Johannesburg mwaka 1987, ilihamia Broadway mwaka 1988 kwenye jumba lililoitwa Cort. Mwaka 2022 jumba hilo lilibadilishwa jina, sasa linaitwa James Earl Jones. Kwa hiyo ukidhani tamthilia za Marekani ni mambo ya mbali, fikiri tena. (Fences imefanywa filamu pia, 2016, na Denzel Washington na Viola Davis. Itazameni, lakini isomeni kwanza.)

Basi. Jioni moja umeme ulikatwa. Baba amekaa sebuleni gizani, mimi nina kitabu na tochi ya simu. Nikamwambia, "Baba, nataka kutafsiri mchezo wa kuigiza, nisaidie Kiswahili." Nilijua hataniacha. Ametoka Tanga mwaka 1998, na mtu wa Tanga hawezi kusikia Kiswahili kibovu akanyamaza. Akaniambia wao shuleni walisoma Kinjeketile ya Ebrahim Hussein, na kwamba Nyerere mwenyewe alimtafsiri Shakespeare. "Sasa wewe Mmarekani wako anasema nini?"

Tukaanza. Yeye akawa Troy, mimi Cory. Namsomea mstari kwa Kiswahili changu, naye anaukarabati. "Mzee wa kazi hasemi 'ninahisi kwamba'. Sema 'naona'." "Hapo weka 'we', amekasirika." Tamthilia ni nzuri kwa watu kama sisi, jamani. Haina Kiswahili cha gazeti, ni midomo ya watu tu, na midomo ya watu tumekua tukiisikia hata kama insha zilitushinda.

Tukafika pale Cory anapomuuliza babake mbona hajawahi kumpenda. Nikasoma: "Mbona hujawahi kunipenda?"

Baba akanyamaza. Kisha akasema, "Hapana. Hilo siyo swali lake."

Ni kweli. Kiingereza kina neno moja zito, la damu, na jingine jepesi, la kumfurahia mtu tu alivyo. Cory anatumia lile jepesi. Sisi tuna "kupenda" moja inayobeba yote mawili. Nikajaribu "kunikubali". Akakataa. "Kunichangamkia"? Akacheka.

Halafu akasema taratibu, "Mtoto kupendwa anapendwa. Huyu anauliza kama babake anapendezwa naye. Andika hivyo."

Nikaandika. Sikuweza kuinua uso. Nikamuuliza huku natazama karatasi: "Na wewe, baba?"

"Mimi nini?"

"Unapendezwa na mimi?"

Akasema, "Soma mstari unaofuata."

Mstari unaofuata si mtamu. Troy anamjibu mwanawe kwamba anamlisha na kumvisha kwa kuwa ni wajibu wake, na hakuna sheria inayosema ampendeze. Baba aliusikiliza wote. Kisha akaanza kunihadithia Mei 2008, wageni walipovamiwa hapa Johannesburg na kwingineko nchini, watu zaidi ya 60 wakauawa. Nilikuwa na miaka mitano. Nilijua kwamba tulilala kanisani, lakini sikujua kwamba siku ile alipoteza mashine yake ya kuchomelea na vyuma vyote, na kwamba alianza upya kwa mashine ya kuazima. "Mikono tu ndiyo haikuibwa," alisema. "Nilitaka na wewe uwe na kitu kisichoibika."

Sikumwambia kwamba amepatia. Bado naona alikosea, na siku moja nitamwambia vizuri. Lakini miaka mitatu nilidhani alikataa kwa sababu hakuniona. Kumbe alikuwa ameniona, akaogopa.

Umeme ukarudi, akaamka akaenda kulala bila kunijibu. Kesho yake nikapita karakana baada ya darasa. Daftari langu la tafsiri, nililokuwa nalitafuta asubuhi nzima, lilikuwa juu ya meza ya chuma, lina alama za vidole vyeusi. Alikuwa amefuta "uzio" kila mahali na kuandika "fensi", kwa ile chaki yake ya kuchorea vyuma. Chini ya ukurasa aliandika: "Nani ataigiza mama?"

Hilo ndilo jibu langu. Sasa zamu yenu. Nyumbani kwenu, baba au mama akipendezwa na wewe, anasemaje? Au anafanya nini badala ya kusema? Tutumieni sauti, kwa Kiswahili chochote mlicho nacho. Kibovu pia tunapokea.