Mke wa Mtakatifu

Wazee wetu wa Usukuma waliwajua Wahindi kwa maduka yao na kwa vinu vya pamba. Habari za ibada yao hawakuziuliza sana. Nasi tulikuwa vivyo hivyo, hata tulipotazama picha ya sinema iitwayo Sant Tukaram, iliyotengenezwa Pune mwaka 1936 kwa lugha ya Kimarathi.

Msomaji ajue kwanza kwamba sinema za dini huko Bara Hindi zilianza kwa namna ya ajabu. Bwana Phalke alitazama Bombay picha ya maisha ya Yesu, akawaza moyoni: mbona Krishna na Rama hawaonekani hivi? Mwaka 1913 akatoa picha ya Mfalme Harishchandra, aliyeacha ufalme, mke na mwana ili atimize neno lake. Alipotoa nyingine mwaka 1917, yasimuliwa kwamba watazamaji walivua viatu mara Rama alipotokea. Wako watakaocheka. Sisi hatucheki, maana tumewaona watu wakinyamaza mbele ya picha ya Msalaba iliyochapwa karatasini tu.

Basi, huyo Tukaram alikuwa mwenye duka na mtunga nyimbo wa karne ya 17, wala hakuwa wa ukoo wa makuhani. Katika picha hiyo kuhani mmoja alimwonea wivu, hata nyimbo zake zikatoswa mtoni, mto ukazirudisha. Mfalme Shivaji alimpelekea zawadi, naye akazikataa. Hayo ndiyo yasifiwayo na wengi. Walakini macho yetu yalimfuata mkewe. Yeye ndiye aliyekitazama chungu kitupu. Mtoto alipougua, alimchukua mpaka hekaluni, akamtishia mungu wa mumewe kwa ndara mkononi, na mtoto akapona! Mwisho Tukaram alipochukuliwa mbinguni alimwita mkewe waende pamoja. Mke akakataa, kwa kuwa watoto walihitaji mtu wa kuwatunza.

Hapa Bugarama, jirani na mgodi wa Bulyanhulu, twawajua wanaume waondokao kutafuta dhahabu wakisema Mungu atatoa, na wake wabakio na jembe. Katika hao wawili, ni nani amtegemeaye Mungu zaidi?

Mwenzetu mmoja wa kwaya alisema mwanamke yule ni mkaidi tu. Mkewe, aliyekuwa akipeta mchele, hakubishana naye; aliuliza kama yule mtoto alipata chakula baada ya kupona.