Fumbo na King'amuzi

Wahenga walinena: fumbo mfumbie mjinga, mwerevu huling'amua. Waswahili walipokiita king'amuzi kile chombo kifumbuacho picha za televisheni, waliitia methali hiyo ndani ya kisanduku kidogo.

Picha hutoka katika setilaiti iliyo juu ya ikweta, kilomita zipatazo 36,000 kutoka ardhini, nayo hushuka kama mvua juu ya mapaa yote, ya tajiri na ya maskini. Mwenye picha hawezi kuizuia isishuke. Kwa hiyo huifumba. Huivuruga kwa ufunguo wa siri ambao, kwa kawaida, hubadilishwa kila baada ya sekunde 10 hivi. Ufunguo wenyewe huletwa pamoja na picha, lakini nao umefumbwa, na kadi ya mteja aliyelipa ndiyo iwezayo kuufumbua. Kadi hukinong'onezea king'amuzi siri hiyo, na picha huonekana.

Hapo ndipo hila ilipopata upenyo. Mtu huiunga kadi yake halali na kompyuta iliyo katika intaneti. Ving'amuzi vya mbali, visivyo na kadi, hupokea fumbo kwa madishi yao wenyewe, hulipeleka kwenye kompyuta hiyo, na hurudishiwa ufunguo kabla ya wakati wake kupita. Picha haipiti njia hiyo. Hupita funguo tu, ambazo ni baiti chache mno. Ndiyo maana kadi moja huweza kulisha nyumba nyingi. Kufuli halikuvunjwa, aliyeaminiwa ufunguo ndiye aliyeutoa. Kikulacho ki nguoni mwako.

Makampuni yalijibu kwa kuioza kadi kwa king'amuzi kimoja, hata mnong'ono wa baina yao ukafumbwa. Mwaka 1998 Umoja wa Ulaya ulitoa agizo la kupiga marufuku biashara ya vifaa vya hila hiyo.

Mtetezi wa hila husema kwamba taa haipungui mwanga kwa kuwashia taa nyingine, na kwamba ada huwalemea wengi. Yote mawili ni kweli. Lakini mafuta ya taa ya kwanza yalinunuliwa, na mtunzi, mchezaji na mpiga picha hula kwa mafuta hayo. Kumkaribisha jirani sebuleni ni ukarimu. Kumwuzia kilicho cha mwingine si ukarimu. Werevu hung'amua fumbo. Uadilifu huuliza fumbo ni la nani.