Mpemba Naye Apimwe

Leeds, Uingereza

Kaka Mwalimu,

Nijibu ulichoniuliza kwenye simu: je, hawa wenzetu wanatushinda sayansi kwa vifaa tu?

Vifaa wanavyo, sikatai. Ila juzi darasa la mpwa wako lilitumia glasi, sukari ya vidonge na maji: ya baridi, ya uvuguvugu na ya moto. Kabla ya kugusa chochote, kila mtoto aliandika kwa wino anachodhani kitatokea, na kufuta ni marufuku. Ndipo ubishi ukaanza. Tukoroge au tusikoroge? Wakaafikiana kwamba ikikorogwa moja zikorogwe zote, maji yawe kipimo kimoja, kibadilike kitu kimoja tu: joto. Mpwa wako aliandika kwamba kwenye maji ya baridi sukari haitayeyuka kabisa. Ilichelewa, lakini ikayeyuka. Mwalimu hakumwekea mkasi, aliandika pembeni: “Umejuaje kwamba sukari bado imo?” Mtoto akajibu: “Nimeonja.”

Swali kama hilo ndilo Erasto Mpemba alilolikosa kwa mwalimu wake. Mwaka 1963, akiwa kidato cha tatu Magamba, Lushoto, aliwahi nafasi kwenye friji akatia maziwa ya aiskrimu yangali moto, nayo yakaganda kabla ya ya mwenzake. Alipouliza sababu, akaambiwa amechanganyikiwa. Baadaye, akiwa Mkwawa, Iringa, alimuuliza Dkt. Denis Osborne wa chuo kikuu cha Dar es Salaam. Wanafunzi wenzake wakaangua kicheko. Osborne hakuwa na jibu, ila alirudi Dar akamwagiza fundi wa maabara ajaribu. Fundi akaja na habari kwamba kweli maji ya moto yametangulia kuganda, akaahidi kurudia mpaka apate jibu sahihi! Mwaka 1969 Mpemba na Osborne wakachapisha makala pamoja.

Sisi hupenda kuishia hapo, kijana wetu kashinda. Lakini mwaka 2016 Henry Burridge na Paul Linden, watafiti wa huku, walipima upya wasione ushahidi wa kutosha, wakaonyesha kwamba hata mahali unapoweka kipimajoto panaweza kukupa jibu la uongo. Wengine bado wanabisha. Mpemba havunjiwi heshima hapo. Anafanyiwa kilekile alichokidai kwa wakubwa wake: jaribuni kwanza.

Najua utaniambia darasa limefurika na mtihani unataka majibu. Basi toa kipindi kimoja. Wape vikombe viwili vinavyolingana na nafasi kwenye friji ya muuza barafu. Waandike makisio kwa wino, wakeshe wakibishana kuhusu kifuniko, kiasi cha maji, na lini tuseme yameganda. Kisha niandikie walichopata, hasa kama makundi mawili yamepata majibu yanayopingana.

Nisalimie wifi na watoto.

Mdogo wako