Nyuma ya Matundu 24

Nilivuka kutoka Unguja kwa boti ya asubuhi, na adhuhuri haijafika nilikuwa nimeshapanda ghorofa ya nne ya jengo moja la ofisi, Posta, Dar es Salaam, nikimfuata fundi wa mtandao aliyenikubalia niwe naye kutwa. Nilitaka kuona intaneti inapoingilia. Nilitarajia mitambo mikubwa inayonguruma.

Mlango ulipofunguliwa, baridi ndiyo iliyonipokea. Nikajifunga mtandio mara mbili. Kisha nikaona kabati la chuma lililo wazi, na ndani yake, upande wa juu, ubao mwembamba, kimo chake hakizidi vidole vitatu, una matundu 24 kwenye safu moja, kila tundu na namba yake. Hauna taa. Wala hautumii umeme.

"Hiyo ndiyo pachi paneli," fundi akasema.

"Sasa inafanya kazi gani, fundi?"

"Inapokea tu, mdogo wangu. Kama masanduku ya posta."

Hapo nikaelewa, maana kwetu barua haiji mlangoni. Unaifuata kwenye sanduku lenye namba yako. Waya unaotoka chumba cha mhasibu hupita darini, ukaishia tundu la 7, ukatulia. Kutoka tundu hilo, kiwaya kifupi ndicho kinachoingia kwenye swichi iliyo chini yake, na swichi ndiyo inayogawa mawasiliano. Mhasibu akihama chumba, huchomolewa kiwaya kile, kikachomekwa tundu jingine. Waya wa darini hauguswi na mtu. Ule una shaba nzima, ukikunjwa mara kwa mara hukatikia ndani. Kiwaya kifupi ni nyuzi nyembamba nyingi, kinavumilia.

Alasiri tukazunguka nyuma ya kabati, na huko ndiko nilikofurahi hasa. Fundi alichuna ganda la kebo ya tundu la 24, zikatoka nyuzi 8 zilizosokotwa mbili mbili: wa chungwa na mwenziwe mweupe wenye mstari wa chungwa, kisha kijani, buluu na kahawia vivyo hivyo. Nimekulia Jambiani, nikimtazama bibi akisokota kamba za usumba kwa viganja, makumbi yake yamelala miezi mchangani pwani. Bibi husokota ili kamba ipate nguvu. Hizi husokotwa ili zisichafuliwe na kelele za umeme kutoka nje na kutoka kwa jozi jirani. Ndiyo maana nilipoanza kufumua, fundi alinishika mkono.

"Sentimita moja na kidogo, basi. Ukizidisha umeiharibu."

Kila uzi nikaulaza kwenye mwanya wa rangi yake, nikaugonga kwa kifaa cha mkono, kinalia *ta!*, kinauzamisha uzi na kuukata ncha papo hapo. Tukapachika kipimio. Taa ya kwanza, ya pili... ya tatu haikuwaka. Moyo ukanidunda. Nikaugonga tena uzi ule, safari hii kwa nguvu.

Zikawaka zote nane, na fundi akanipa kalamu niandike 24, hapa kwenye kebo na kule kwenye soketi ya ukutani.